Agamemnon Aliuawa na Nani? Homer na Aeschylus Wanavyojibu

Mwanafunzi akitaka kusoma tamthilia za Wagiriki wa kale, mimi humpa kwanza utenzi: Odyssey ya Homer, vitabu vya 1, 3, 4 na 11. Ndipo afungue Agamemnon ya Aeschylus. Kisa ni kilekile, cha mfalme anayerudi kutoka vita vya Troy na kuuawa kwao.

Kwa Homer muuaji ni Aegisthus, hawara wa malkia. Anamkaribisha Agamemnon karamuni na kumchinja kama ng'ombe horini. Malkia huyo, Clytemnestra, yumo katika njama, na Cassandra, mateka aliyeletwa na Agamemnon kutoka Troy, anakufa kwa mkono wa malkia. Baadaye Orestes, mwana wa Agamemnon na Clytemnestra, anamuua Aegisthus kulipiza kisasi cha baba. Na mama je? Nestor, mfalme mzee anayekisimulia kisa, anasema tu kwamba Orestes alifanya karamu ya mazishi ya wote wawili. Aliyemuua mama hasemwi.

Homer ana sababu ya kulipita jambo hilo. Kisa hiki anasimuliwa Telemachus, mwana wa Odysseus, kijana ambaye nyumba yao imejaa wanaume wanaomposa mama yake, ili naye apate ujasiri. Orestes mwenye damu ya mamaye mikononi angekuwa kielelezo gani? Kafara ya Iphigenia, binti aliyechinjwa na Agamemnon baba yake, nayo haimo kabisa.

Aeschylus, mwaka 458 KK huko Athens, anaingilia palepale. Clytemnestra anaua mwenyewe: anamfunika mumewe vazi bafuni, anampiga mara tatu, kisha anatoka kujigamba mbele ya wazee na kuwakumbusha binti yake aliyechinjwa. Aegisthus anajitokeza mambo yamekwisha. Kwangu mimi, hapo ndipo tamthilia inapoupita utenzi.

Agamemnon ni ya kwanza kati ya tamthilia tatu zinazofuatana. Katika ya pili, Orestes ameinua upanga juu ya mama yake na anasita. Anamuuliza rafiki yake Pylades afanye nini. Pylades, aliyekuwa kimya tangu mwanzo, anasema mistari mitatu tu: usiwafanye miungu kuwa adui zako. Kisha hasemi tena. Ya tatu ni kesi ya Orestes ya kumuua mama yake, mbele ya mahakama ya Areopagus huko Athens. Kura zinalingana, Orestes anaachiwa.

Baada ya hizo tatu ulifuata mchezo wa vichekesho, Proteus, ambao umepotea. Inasikitisha, maana Proteus ndiye mzee wa bahari ambaye, katika kitabu cha 4 cha Odyssey, anampa Menelaus habari za kuuawa kwa kaka yake, Agamemnon.