Je, wajua ni nani huandika hadithi ya dokumentari, yaani filamu ya watu na mambo halisi?

Wengi hudhani mhariri wa filamu ni fundi wa kusafisha: huondoa picha zilizotikisika, hupunguza urefu, hutia muziki, basi. Kwa video ya harusi dhana hiyo haiko mbali na ukweli, maana harusi huja na mpangilio wake: bibi harusi hutoka kwao, pete huvishwa, keki hukatwa. Kwa dokumentari ni kosa kubwa. Filamu ya maigizo hufuata muswada. Dokumentari mara nyingi hupigwa bila muswada, kisha mhariri hukabidhiwa makumi ya saa za picha, pengine zaidi ya mia, atoe dakika 90. Nyingi anazoziacha ni picha nzuri tu. Zimekosa nafasi katika hadithi ambayo yeye ndiye anayeitafuta.

Anaitafutaje? Tuseme filamu inahusu wauza samaki wa Dunga, Kisumu. Kuna picha ya mama amesimama ufuoni akitazama ziwa, uso wake hausemi kitu. Ikifuatwa na mashua inayorudi tupu, tunaona wasiwasi. Ikifuatwa na magugumaji yaliyoziba ghuba, tunaona uchungu. Ikifuatwa na mwanawe akiogelea, tunaona mama aliyetulia. Uso ni uleule. Maana imezaliwa pale picha mbili zilipokutana, na sijui jambo la ajabu kuliko hili katika sanaa nzima ya filamu.

Mwelekezi wa filamu Mrusi, Lev Kuleshov, alilijaribu karibu na mwaka 1920, kwa uso wa mwigizaji mmoja, bakuli la supu, jeneza na mwanamke. Filamu hiyo haikuhifadhiwa, na waliorudia jaribio hawakuafikiana: la Marekani la 1992 halikuona athari yoyote, utafiti wa 2006 uliiona.

Lakini je, yule mama alikuwa akitazama magugumaji kweli? Huenda yalipigwa picha miezi mitano kabla. Katika maigizo si neno. Katika dokumentari yeye ni mtu halisi, na majirani zake wataiona filamu. Mhariri ni kama mzee wa kijiji katika kesi ya mpaka wa shamba: ushahidi ni wa wengine, ila yeye ndiye anayeusimulia barazani, na akiupanga vibaya atamdhulumu mtu bila kusema uongo hata mmoja.

Wakenya wameiweza kazi hii. Mwaka 2020, tuzo maalumu ya majaji kwa uhariri katika Sundance, tamasha la filamu la Marekani, ilikwenda kwa filamu ya Kenya, Softie, ambayo mwelekezi wake Sam Soko alikuwa miongoni mwa wahariri.

Wahariri wengi huanza wakiwa wasaidizi: kuoanisha sauti na picha, kukipa kila kipande jina, kuandika mahojiano neno kwa neno na kuyatafsiri. Hapo kijana wa Kisumu anayeijua vyema Dholuo ana thamani kubwa kuliko anavyodhani. Asiyeijua lugha hatambui sentensi inaishia wapi, na humkata mzee akiwa katikati ya methali.