Familia za Kihindi si zile za kwenye tamthilia

Tamthilia za Kihindi zilizotiwa sauti za Kiswahili zimetuaminisha kwamba kila Mhindi anaishi kwenye jumba lenye ngazi za marumaru, pamoja na wifi watatu na mavyaa anayelala na dhahabu shingoni. Jumba hilo liko studio.

"Kwa Wahindi, mwanamke ndiye anayeoa." Kati ya dhana tulizonazo kuhusu Wahindi, hii ndiyo inayopendwa zaidi barazani, na ndiyo yenye ukweli nusu. Ni kweli kwamba katika jamii nyingi za India mali hutoka kwa wazazi wa bibi harusi kwenda upande wa bwana harusi. Wenyewe huiita dahej. Ila haimpi mwanamke usemi wowote: ni yeye anayehamia kwa wakwe, na ni yeye anayeanza upya kujifunza chumvi ya jiko la wengine. Zamani binti wa Kihindu kwa kawaida hakuwa na fungu katika shamba la ukoo, hivyo alichobebeshwa siku ya harusi ndicho kilichohesabiwa kuwa haki yake. Balaa ni kwamba kiliangukia mikononi mwa wakwe, nao wakazoea kudai.

Kutoa na kupokea dahej ni kosa tangu 1961. Sheria ya 1986 ikaongeza ukali: mke akifa kifo cha kutatanisha ndani ya miaka 7 ya ndoa, na ikaonekana alikuwa akinyanyaswa kwa ajili ya dahej, mume au wakwe waliomnyanyasa huhesabiwa kuwa ndio waliosababisha. Bado takwimu za polisi zinaonyesha vifo vya namna hiyo zaidi ya 6,000 kwa mwaka. Siku hizi gari na friji huitwa "zawadi" tu, na nani atashtaki zawadi? Mwaka 2005 mabinti wa Kihindu walipewa haki sawa na kaka zao katika mali ya ukoo, lakini wapo wanaosaini kuachia fungu lao ili mlango wa kwao usifungwe.

Na Waislamu wa India? Mahari hutolewa na mwanamume, kama kwetu. Dahej nayo imepenya humo humo.

"Ukoo mzima hukaa nyumba moja." Utafiti wa kitaifa wa 2019–21 ulikuta kaya ya India ina wastani wa watu 4.4. Sensa ya Tanzania ya 2022 ilipata 4.3, kwa hiyo tofauti yetu ni ndogo mno. Hata hivyo, sensa ya India huhesabu kaya kwa jiko. Ndugu wawili wa ua mmoja wakishatenganisha vyungu, wamekuwa kaya mbili, ingawa bibi ni yule yule na anakula kote kuwili.

"Ndoa ya kupangwa ni ndoa ya lazima." Kulazimishwa kupo, lakini si hivyo kwa wote. Wazazi wengi wa mjini wanatafuta mchumba kwenye tovuti, wakichuja kwa lugha, tabaka na mshahara. Vijana wanakutana, wanachati, wanakataa, wanaletewa mwingine. Uhuru wa kujichagulia kabisa ndio mchache: katika utafiti mkubwa wa 2011–12, ni kama asilimia 5 tu ya wanawake waliosema walimchagua mume wao peke yao. Sheria ya 1954 inaruhusu watu wa dini tofauti kuoana serikalini, ila tangazo lao hubandikwa siku 30. Siku hizo zinawatosha wajomba kupanda treni waje kuizuia.

"Wahindi hawali nyama." Hapa tumepotoshwa na majirani. Wahindi wengi wa Afrika Mashariki asili yao ni Gujarat, ambako Wahindu wengi na wafuasi wengi wa dini ya Kijaini hawagusi nyama. Kwa India nzima, walio wengi wanakula, na mtu wa Bengal bila samaki hajala. Katikati wapo vijana wanaokula kuku mgahawani na marafiki, kisha wakifika nyumbani wanapiga mswaki kabla ya kumsalimia mama.