Je, wajua kwamba hata kesi ikishafika rufani wahusika bado wanaweza kupatana?

Wengi hudhani hukumu ikishasomwa mlango wa kupatana umefungwa, kilichobaki ni kungoja majaji. Sivyo. Nchini Tanzania rufani ya madai inaweza kumalizwa kwa maridhiano kabla haijaamuliwa, iwe ipo Mahakama Kuu au Mahakama ya Rufani. Hata Katiba, ibara ya 107A(2)(d), inazitaka mahakama kukuza usuluhishi baina ya wenye migogoro.

Lakini aliyeshinda apatane kwa nini? Kwa sababu ushindi wake haujatulia. Tuseme mahakama ya wilaya imemwamuru mnunuzi wa mbao amlipe muuzaji shilingi milioni 20, naye amekata rufani. Muuzaji anajua hukumu inaweza kutenguliwa, au kesi ikaamriwa ianze upya. Mnunuzi naye anajua akishindwa tena ataongezewa gharama za rufani juu ya deni. Hapo ndipo milioni 15 kwa awamu tatu zinapowafaa wote wawili. Heri nusu shari kuliko shari kamili.

Wanaoumia ni wale wanaoishia kupeana mikono. Mrufani anaiondoa rufani yake mahakamani, anaanza kulipa kidogo kidogo kwa kuaminiana. Rufani ikishaondolewa, hukumu ya chini inabaki na nguvu zake zote, na mwenye tuzo, yaani aliyepewa amri ya mahakama ya kulipwa, ana miaka 12 ya kuomba ikaziwe, maana yake itekelezwe kwa nguvu ya mahakama. Akigeuka, au akifariki na warithi wakaikuta tuzo ndani ya kabati, milioni 20 zote zinaweza kudaiwa. Utasema ulishalipa? Amri ya 21, kanuni ya 2 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inasema malipo ya nje ya mahakama ambayo hayakuthibitishwa mahakamani hayatambuliwi na mahakama inayokaza hukumu. Inauma sana, maana mtu huyo amelipa kweli.

Njia salama ni hati ya makubaliano. Inaandikwa, inasainiwa na wahusika wenyewe pamoja na mawakili wao kama wapo, kisha mahakama inaombwa iisajili kuwa tuzo. Kwa Mahakama Kuu, msingi wake ni Amri ya 23, kanuni ya 3 ya sheria hiyo hiyo. Jaji hagongi muhuri tu: lazima ajiridhishe kwamba makubaliano yapo kweli, ni halali, na yanahusu shauri lililo mbele yake. Mkichomeka humo ugomvi mwingine wa kiwanja ambao haumo kwenye kesi, tuzo haitaubeba.

Hati hiyo iseme bayana kwamba makubaliano yanachukua nafasi ya hukumu ya chini. Itaje awamu ya kwanza inalipwa tarehe ngapi na gharama za kesi ni za nani. Zaidi ya yote, iseme itakuwaje awamu moja ikipita bila kulipwa: je, deni lote lililobaki linadaiwa papo hapo? Kwa maoni yangu hicho ndicho kipengele cha kwanza kuandikwa, ingawa watu hukikwepa wakiona kina harufu ya kutoaminiana.

Umakini huo una sababu. Tuzo iliyotolewa kwa ridhaa ya pande zote haikatiwi rufani. Kuitengua ni mpaka uonyeshe jambo zito, kwa mfano kwamba ulidanganywa. Wafanyakazi wa iliyokuwa Jumuiya ya Afrika Mashariki, ile iliyovunjika mwaka 1977, walipatana na Serikali katika Mahakama Kuu mwaka 2005 kwa shilingi bilioni 117. Wapo wazee walioendelea kudai kwa miaka mingi baadaye, wakisema hawakulipwa kikamilifu.

Kwa hiyo ukiletewa hati iliyoandikwa kwa Kiingereza usichokielewa vizuri, usione haya. Omba isomwe kwa Kiswahili, mstari kwa mstari, kabla hujashika kalamu.