Hela hazikuisha: rangi zilipotelea wapi kwenye «If....»?

Wapenzi wa filamu hurudia hadithi moja: eti «If....» (1968), filamu ya mwongozaji Lindsay Anderson kuhusu shule ya bweni ya Uingereza, ina vipande vya nyeusi na nyeupe kwa sababu hela za filamu ya rangi ziliisha. Wengine hutafuta fumbo: nyeusi na nyeupe ni ndoto, rangi ni uhalisia. Ukijaribu kupanga hivyo, haikai.

Chanzo ni mpigapicha wake, Mcheki Miroslav Ondříček. Ndani ya kanisa la shule, mwanga uliingia kupitia madirisha makubwa na ulibadilikabadilika na jua. Kwa taa chache walizomudu, alimwambia Anderson kwamba hawezi kuhakikisha rangi zitalingana toka shoti moja hadi nyingine. Wakapiga nyeusi na nyeupe. Anderson aliupenda mwonekano ule, akauongeza pengine alipojisikia. Kwa hiyo bajeti imo, ila ni ya taa.

Na hili pia: Ondříček hakuhamia Marekani kama rafiki yake, mwongozaji Miloš Forman. Aliendelea kuishi Prague, akisafiri kikazi. «Amadeus» (1984), filamu ya Forman ambayo Ondříček ndiye mpigapicha wake, kwa sehemu kubwa ilipigwa hukohuko Prague. Ilizoa Oscar 8, ya upigaji picha haikuwemo. Yeye aliteuliwa tu.