Kabla ya kuuliza vijiko vingapi, ijue mililita moja

Swali ninaloulizwa kuliko yote pale dirisha la dawa ni "nimpe vijiko vingapi?" Siwezi kujibu kabla sijaiona chupa. Sirapu ya paracetamol ya watoto ipo ya miligramu 120 kwa mililita 5, na ipo ya miligramu 250 kwa mililita 5 hizohizo. Ukizimimina kwenye kijiko, huenda macho yasikusaidie kuzitofautisha.

Mimi huanza na lebo. 120 ÷ 5 = 24, yaani kila mililita 1 ina miligramu 24. Ile nyingine, 250 ÷ 5 = 50. Hapo kazi ngumu imekwisha.

Tuseme mtoto ana kilo 12 na ameandikiwa miligramu 15 kwa kila kilo: 12 × 15 = 180. Kwa chupa ya kwanza, 180 ÷ 24 = mililita 7.5. Kwa ile kali, 180 ÷ 50 = mililita 3.6. Sasa mama aliyezoea 7.5 akipewa chupa kali bila kuelezwa, mtoto atameza miligramu 375, zaidi ya mara mbili ya kipimo. Paracetamol ikizidi sana huumiza ini, na mwanzoni mtoto anaweza kuonekana mzima tu.

Wanafunzi wa uuguzi hukariri kanuni: unachotaka, gawanya kwa ulichonacho, zidisha kwa ujazo. Ni sahihi, ila siipendi, maana ukichanganya namba huna cha kukushtua. Ukijua mililita 1 ina 50, unaona mara moja kwamba 180 iko kati ya mililita 3 na 4. Nukta ikikuponyoka ukaandika 36, utacheka mwenyewe.

Amoxicillin ya unga ina jambo lake. Namba ya kwenye lebo ni ya kweli tu ukiongeza maji safi hadi alama, si zaidi, na ukitikisa chupa kila unapotoa dozi. Usipotikisa, unga hutuama: juu nyepesi, chini kali.

Na hiyo 3.6 hakuna kijiko cha kuipima. Vya nyumbani havilingani hata vyenyewe kwa vyenyewe. Omba bomba la mililita 5 lisilo na sindano. Mengi yana vistari vya 0.2, kwa hiyo vuta hadi kistari cha tatu baada ya 3, toa mapovu, kisha msukumie mtoto polepole kwenye shavu kwa ndani.