Mwigizaji Msaidizi ni Nani?

Mwigizaji msaidizi ni yule anayecheza nafasi inayomzunguka mhusika mkuu: kaka, mke, rafiki, askari, adui wa pili. Hadithi si yake, lakini bila yeye haisogei. Asichanganywe na watu wanaopita barabarani nyuma ya stelingi ili mtaa uonekane una watu. Hao hawazungumzi, msaidizi ana maneno yake, ana jina, na kuna tukio ambalo likimshinda yeye, limeharibika lote.

Hatambuliwi kwa dakika anazoonekana. Beatrice Straight alipata Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike kupitia filamu ya Network ya mwaka 1976, na humo yumo kwa dakika tano na ushei tu. Anacheza mke anayeambiwa na mumewe kwamba amempenda mwanamke mwingine. Anafoka, analia, anatulia, na mtazamaji anakuwa ameshaijua ndoa yao yote.

Heshima yenyewe ilichelewa. Oscar za wasaidizi zilianza kutolewa mwaka 1937, lakini washindi walikabidhiwa kibao badala ya sanamu hadi 1944. Hattie McDaniel, Mmarekani Mweusi wa kwanza kushinda Oscar, aliondoka na kibao mwaka 1940.

Kwangu mimi, anayeieleza kazi hii vizuri kuliko wote ni mwigizaji wa Marekani John Cazale. Alifariki mwaka 1978 akiwa na miaka 42, ameacha filamu ndefu tano, na zote tano ziliteuliwa kuwania Oscar ya filamu bora. Yeye mwenyewe hakuteuliwa hata mara moja. Mtazame katika The Godfather Part II akiwa Fredo, kaka mtu aliyepitwa na mdogo wake. Yuko kwenye kiti cha kuegemea, karibu amelala, huku mdogo wake kasimama. Anapolalamika kwamba na yeye ana akili, mwili unarukaruka kiti kikimrudisha chini. Ubaridi wa Al Pacino, anayecheza huyo mdogo mtu, unatisha kwa sababu mbele yake kuna mtu anayeumia hivyo. Huko ndiko kusaidia kwenyewe: kumfanya mwenzako aaminike.

Kimaisha, kazi hii haina uhakika. Anaitwa siku moja au wiki moja, kisha anarudi kwenye usaili kama mgeni. Kwa hiyo wengi hutegemea malipo ya marudio, yaani fedha anazopata mwigizaji kila kazi yake inapooneshwa tena. Waigizaji wa Marekani waligoma mwaka 1960 ndipo wakayapata kwa filamu zinazooneshwa kwenye televisheni. Filamu na tamthilia zilipohamia intaneti, fedha hizo zilipungua sana kwa wengi, na hilo likawa moja ya madai makubwa ya mgomo wa siku 118 wa mwaka 2023.