Mehdi Ben Barka na Kosa la Kutoweshwa kwa Mtu

Tarehe 29 Oktoba 1965, muda mfupi baada ya saa sita mchana, Mehdi Ben Barka alifika mbele ya mgahawa wa Lipp, kwenye barabara ya Saint-Germain jijini Paris, alikokuwa na miadi ya kuzungumzia filamu kuhusu ukombozi wa makoloni. Askari wawili wa Ufaransa walimsogelea, wakamwonyesha vitambulisho vyao vya polisi, naye akapanda gari lao aina ya Peugeot 403 bila kushurutishwa. Alipelekwa Fontenay-le-Vicomte, kusini mwa jiji, nyumbani kwa jambazi mmoja. Mwili wake haujapatikana hadi leo.

Ben Barka, mwalimu wa hisabati aliyemfundisha Hassan II kabla hajawa mfalme wa Moroko, alikuwa uhamishoni kwa kuupinga utawala wa mwanafunzi wake huyo, na mahakama za kwao zilikuwa zimemhukumu kifo bila yeye kuwapo.

Vitambulisho vile vilikuwa halali, na hapo ndipo penye uzito wa kisa hiki. Mkimbizi wa kisiasa anaweza kujihadhari na majasusi wa kwao, lakini atajihadhari vipi na askari wa nchi iliyompa hifadhi? Mwaka 1967 mahakama ya Paris ilimhukumu kifungo cha maisha, kwa utekaji huo, Jenerali Oufkir, waziri wa mambo ya ndani wa Moroko, ambaye hakufika mahakamani wala hakukitumikia kifungo hicho.

Mkataba wa Umoja wa Mataifa uliopitishwa mwaka 2006 unaeleza kwamba mtu ametoweshwa pale maofisa wa dola, au watu wanaotenda kwa idhini yao, wanapomnyima uhuru kisha wakakana kumshikilia au wakaficha aliko, hata akawa nje ya ulinzi wa sheria. Kukana huko ni sehemu ya kosa lenyewe, na kwa kuwa kosa huendelea kila siku ambayo ukweli unafichwa, muda wa ukomo wa mashtaka hauanzi kuhesabiwa mpaka likome. Mkataba huo unawatambua ndugu pia kuwa waathirika wenye haki ya kujua yaliyompata mtu wao. Kwa familia ya Kiislamu hilo lina maana nzito: hakuna jeneza la kubeba, hakuna kaburi la kuzuru, na mke hajui aanze eda lini. Familia ya Ben Barka ilifungua malalamiko ya mauaji nchini Ufaransa mwaka 1975, na jalada hilo limekwisha kupita mikononi mwa mahakimu wachunguzi wengi.